Mwanga wa ajabu angani kwenye stori za kubuni: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Haya ni maswali ninayoulizwa na watu wanaoandika stori za dunia za kubuni, wale wanaotaka kwenye anga lao kuwe na kitu kinawaka ambacho sio jua wala mwezi wala nyota, na kina nguvu zake. Majibu nimeyachanganya, kuna mianga ya kweli iliyowahi kuonekana kwenye dunia yetu hii, na kuna mwanga mmoja nimeubuni mwenyewe na nimekaa nao miaka, unaitwa Ushanga. Soma unapotaka, sio lazima uanze juu.

Ushanga ndo nini?

Kwenye dunia ya stori yangu mtu akifa asipozikwa, usiku uleule inatokea punje moja ya mwanga juu ya pale mwili ulipo, kama kilomita moja hivi kwenda juu, haipepesi, haizunguki, imekaa tu. Akizikwa inazimika. Asipozikwa inabaki, mwaka, miaka kumi, mpaka mifupa yenyewe iishe iwe udongo. Mahali palipopiganwa vita zinatokea nyingi zimefuatana, ndo maana watu wakaziita ushanga. Aliyezama baharini punje yake inatembea kwa sababu mwili unaenda na mkondo, yani unaweza kukaa ufukweni usiku ukamuona mtu wako anasogea polepole kuelekea kusini na huna la kufanya.

Sheria ndo hizo tu. Nani aliziweka na kwa nini, sielezi popote.

Nataka kubuni wa kwangu, naanzia wapi?

Anzia chini. Najua hamu inakuvuta uanze na juu, rangi, umbo, jinsi unavyotanda na kujikunja, lakini kurasa tatu za kusifia mwanga msomaji anaziruka na ana haki ya kuziruka. Anza na mtu aliye chini yake, mwanga ukitokea mikono yake inafanya nini.

Angalia kilichotokea usiku wa kuamkia tarehe 2 Septemba 1859. Ilipiga dhoruba kubwa ya jua, yani jua lilirusha chembe nyingi zenye umeme kuja duniani, ile mianga ya ncha za dunia inayoitwa aurora ikashuka mpaka ikaonekana Karibi huko, mahali ambapo watu hawajazoea kabisa kuiona. Sasa ukisoma habari za usiku ule kinachokaa kichwani sio anga lilikuwa jekundu kiasi gani. Kinachokaa ni wachimba dhahabu kwenye milima ya Rocky kule Marekani walioamka usiku wa manane wakaanza kuandaa kifungua kinywa wakidhani kumekucha. Na wale wa telegrafu kati ya Boston na Portland waliochomoa betri zao na kuendelea kutumiana ujumbe kwa umeme uliokuwa unatembea wenyewe kwenye nyaya kutokana na ile dhoruba. Mtu anapika, mtu anachomoa betri. Hapo ndo mwanga unakuwa wa kweli.

Kwa Ushanga mimi nilianza na bibi mmoja wa ufukweni ambaye mwanawe hakurudi na mtumbwi. Kila jioni anakaa kwenye gogo lilelile, miguu mchangani, ana kamba mkononi, ananyoosha mkono mbele, anakunja ngumi, anapima punje ya mwanawe iko ngumi ngapi juu ya maji, kisha anafunga fundo. Ngumi moja fundo moja. Usiku ambao punje imeshuka chini ya ngumi moja hafungi fundo, anaing'ata ile kamba kwa meno, ile sehemu tupu, ili kesho akiipapasa gizani ajue jana alikuwa mbali. Nilipoandika hilo la kung'ata kamba ndo nikajua stori ninayo, kabla ya hapo nilikuwa na aidia tu.

Lazima nieleze mwanga unatokana na nini?

Hapana. Ila lazima wewe ujue unafanya nini na haufanyi nini, hivyo ni vitu viwili tofauti na watu wengi wanavichanganya.

Aurora watu wameishi chini yake maelfu ya miaka bila kujua chanzo. Mwanasayansi wa Norway, Kristian Birkeland, ndo alikuja kuonyesha njia mwanzoni mwa karne ya 20, kwa kutengeneza kiduara chenye sumaku ndani, mfano wa dunia, na kukirushia chembe zenye umeme kwenye chombo kisicho na hewa. Kabla yake je, watu hawakuwa na maelezo? Walikuwa nayo. Wafini hadi leo wanaiita moto wa mbweha, inasimuliwa mbweha anakimbia kwenye theluji mkia unapangusa unarusha cheche mpaka juu. Wasami, wenyeji wa kaskazini kabisa ya Ulaya, wana katazo la kuipigia mluzi, ukiipigia mluzi inaweza kukushukia. Mi katazo nalipenda kuliko maelezo, kwa sababu katazo linampa mtu kitu cha kufanya au cha kutofanya, na siku kuna mtoto atapiga mluzi na stori yako imeanza.

Kwa hiyo andika sheria zako mbili tatu, kisha zifuate kwa ukali. Kinachoua mwanga wa ajabu sio kukosa maelezo, ni pale sura ya 4 umesema punje haizimiki mpaka mwili uzikwe halafu sura ya 19 inazimika tu kwa sababu ulikuwa unataka giza mhusika apite. Msomaji anakumbuka. Anakumbuka kuliko wewe.

Nani anauona na nani hauoni?

Hili ndo swali ninalolipenda kuliko yote na ndo linaloachwa kuliko yote, watu wanaandika tu "dunia nzima ikaona". Dunia ni duara jamani, kitu kikiwa angani kinaonekana mpaka umbali fulani basi kinazama nyuma ya upeo wa macho, na umbali huo unategemea kiko juu kiasi gani. Kama dunia yako ina ukubwa wa hii yetu, kitu kilicho kilomita 1 juu kinaonekana hadi kama kilomita 113 kwenye bahari au uwanda ulionyooka. Kikiwa kilomita 10 juu, kama 357. Kikiwa kilomita 100, ambako ndo usawa wa aurora nyingi, unaenda hadi kama 1,130. Milima na misitu inapunguza hapo.

Sasa ona hizo namba zinavyokupa stori. Mwanga wa kilomita 1 ni habari ya mkoa, wa upande wa pili wa mlima hawajui kitu, mjumbe anaenda kuwaambia wanamuona mwongo. Mwanga wa kilomita 100 ni habari ya mataifa, wafalme watano wameuona usiku mmoja na kila mmoja anadhani umekuja kwa ajili yake.

Na pembe pia ni mali. Nyoosha mkono kunja ngumi, upana wa ngumi yako ni kama digrii 10 za anga, kidole kidogo ni kama digrii 1, inafanya kazi kwa karibu kila mtu kwa sababu mwenye ngumi kubwa kwa kawaida ana mkono mrefu. Punje ya Ushanga iko kilomita moja juu, kwa hiyo ikionekana ngumi moja juu ya upeo mwili uko kilomita kama 6 kutoka hapo ulipo. Ngumi mbili, karibu 3. Wavuvi wa kwenye stori yangu hawajui hesabu ya pembe ila wanajua ngumi, na yule bibi mafundo yake ndo hayo, anapima mwanawe yuko umbali gani. Watu wawili wakisimama sehemu mbili tofauti kila mmoja akanyoosha kijiti kuelekea punje, mistari inapokutana ndo mahali pa kuchimba au kuopoa. Hapo nikapata kazi nzima ya watu, wapima punje, wanalipwa na familia zilizopoteza, na wakatokea wapimaji wa uongo. Yote hayo yametoka kwenye kujua tu kitu kiko juu kiasi gani.

Rangi nichague vipi?

Usichague kwa uzuri. Rangi iwe inasema kitu.

Aurora rangi zake zina ngazi. Kijani ni oksijeni, kwenye kilomita 100 hadi 150 hivi. Nyekundu pia ni oksijeni lakini ya juu zaidi, kupita kilomita 200, na sababu yake ni nzuri sana, oksijeni ikishachangamshwa, yani ikishagongwa ikapata nguvu, inahitaji karibu sekunde 110 kutoa ule wekundu, wakati kijani haifiki hata sekunde moja. Chini ambako hewa imebanana atomu inagongwa na wenzake kabla haijamaliza hizo sekunde 110, wekundu unafia njiani. Juu hakuna wa kuigonga, inamaliza. Zambarau na bluu za ukingo wa chini mara nyingi ni nitrojeni. Yani rangi inakwambia uko ghorofa ya ngapi. We pia unaweza kufanya hivyo, rangi ikamwambia mtu mwanga umeshuka au umepanda, umekaribia au bado.

Na kumbuka jicho la binadamu. Kwenye mwanga hafifu halioni rangi vizuri, linaona weupe na kijivu, ndo maana aurora dhaifu watu wengi wanaiona kama wingu jeupe wakati kamera inatoa kijani. Pia jicho linataka kama nusu saa kulizoea giza, aliyetoka ndani kwenye taa na aliyekuwa nje tangu magharibi hawaoni anga moja hata wakisimama bega kwa bega. Punje za Ushanga ni za njano ya mafuta, lakini ukiwa mbali zinaonekana nyeupe tu, njano inaonekana ukiwa karibu. Basi kwenye stori kuna shahidi anaapa mbele ya wazee kwamba usiku ule alikuwa vijiji vitatu kutoka pale, alafu katikati ya maneno anasema "ile ya njano". Kimya. Sikuhitaji kuandika kitu kingine.

Alafu kuna ukubwa wa janga nao unaweza kugeuza rangi, mlipuko wa volkano ya Krakatau mwaka 1883 ulijaza vumbi angani mpaka baadhi ya sehemu jua lilionekana la bluu au la kijani. Ukihitaji jua la kijani kwenye stori, limeshawahi.

Mwanga utoe sauti?

Ukitoa, ujue sauti ni mzembe. Nuru inafika papo hapo, sauti inajivuta, kilomita moja karibu sekunde 3. Tarehe 15 Februari 2013 kimondo kiliwaka juu ya Chelyabinsk, Urusi, kwa muda mfupi kikang'aa kuliko jua, watu wakakimbilia madirishani kuangalia ni nini. Baada ya dakika mbili na kitu ndo likafika wimbi la mshindo, vioo vikapasuka. Watu kama 1,500 waliumia, wengi kwa vioo. Hizo dakika mbili za kimya mtu amesimama dirishani anashangaa, hakuna mwandishi anayeweza kubuni kitu cha kutisha kuliko hicho. Zitumie.

Sauti ndogo nayo ina nguvu yake. Watu wa kaskazini kwa muda mrefu wamesema aurora wakati mwingine inalia, na mwaka 2012 watafiti wa Finland walitangaza kwamba wamerekodi sauti kama makofi kwenye usiku wa aurora, chanzo chake kama mita 70 tu juu ya ardhi. Makofi, mita 70, usiku wa baridi. Ushanga wangu ni bubu kabisa, nilijaribu kuupa mvumo nikaufuta, wafu wanaosubiri kuzikwa niliwataka kimya.

Niite mwanga au nuru?

Hapa Kiswahili kinakupa utajiri ambao ni dhambi kuuacha. Nuru ina heshima, ina dini ndani yake, ukisema nuru imeshuka msomaji tayari ameinamisha kichwa. Mwanga ni wa kila siku, wa dirishani, lakini mwanga pia ni yule mchawi wa usiku anayewanga, mmoja mwanga wengi wanga. Neno moja limebeba kinachokuonyesha njia na kinachokudhuru gizani. Mwandishi wa fantasia anaeandika Kiswahili akiliacha hilo bila kulitumia sijui anatafuta nini kingine. Kwenye stori yangu wazee wanasema "mwanga umeonekana juu ya mto" na wageni hawajui wakimbilie huko au wakimbie kutoka huko.

Na vitenzi usivifanye vyote "kung'aa". Kumetameta ni kuwaka na kuzima kuwaka na kuzima kama nyota au vimulimuli, kumeremeta ni mng'ao wa kitu laini chenye kupendeza, kumulika ni kuelekeza mwanga kwenye kitu, kufifia ni kuishiwa nguvu. Kuna utusitusi wa wakati giza halijakamilika, kuna mbalamwezi, kuna kianga cha jua likitokeza mvua ikikatika. Mwanga mkali ukimpiga mtu anapata kiwi cha macho. Mwanga wako wa ajabu ufanye kitendo kimoja katika hivyo, na siku ukifanya kingine kila mtu kijijini ajue kuna jambo.

Mwanga wangu unageuza usiku kuwa mchana, kuna shida?

Hakuna shida, ila ujue umefungua mlango mkubwa.

La kwanza ni saa. Sisi tunahesabu saa kwa kucha na kuchwa, saa moja asubuhi ni jua limetoka, saa moja jioni giza limeingia. Kama kwenye dunia yako giza haliingii, saa moja jioni ni lini? Mtu atasema "nitakuja usiku" akimaanisha nini? Lazima watu wako wawe na kitu kingine cha kuhesabia, na hicho kitu nani anakishika ndo ana mamlaka. Hapo una siasa ya nchi nzima imetoka kwenye saa.

La pili ni wanyama na mimea. Vitoto vya kasa vikitoka mchangani usiku vinafuata upande wenye mwangaza zaidi, ambao kwa asili ni wa bahari, ukiweka mwanga upande wa nchi kavu vinaenda kufia huko. Mwaka 2013 watafiti walionyesha mende wanaoviringisha mavi wanatumia ule ukanda mweupe wa nyota angani ili watembee mstari ulionyooka, ukiwafichia anga wanazunguka ovyo. Kuna mimea kama krisanthemumu inataka usiku mrefu usiokatizwa ndo itoe maua, ukiimulika katikati ya usiku hata kwa muda mfupi haitoi. Kwa hiyo usiku wako mweupe ukiendelea miezi, mashamba yatabadilika, wadudu watabadilika, na watu watakula kitu kingine. Ukiendelea siku mbili tatu tu basi ni mshangao, kama ule wa mwishoni mwa Juni 1908, baada ya mlipuko wa Tunguska kule Siberia, kitu kutoka angani kilipolipuka juu ya msitu, usiku wa Ulaya ukawa mweupe kiasi kwamba London watu waliweza kusoma gazeti usiku wa manane.

Mwanga unaweza kudanganya?

Unaweza, na mfano mzuri uko juu yetu kila mwaka. Kuna alfajiri ya uongo, weupe unaosimama wima kama mkia kabla ya alfajiri ya kweli, alafu unapotea giza linarudi kidogo, kisha ndo unakuja weupe wa kweli unaotandaza kwa upana. Ule wa kwanza ni mwanga wa jua unaorudishwa na vumbi lililoko kati ya sayari. Waislamu wamezitofautisha hizo mbili tangu zamani maana saumu na sala ya alfajiri zinategemea ipi ni ipi. Sasa mpe mhusika wako agizo "ondoka alfajiri ikitokea", usimwambie ipi.

Uwe dalili ya jambo litakalokuja?

Hapa nakuwa mkali kidogo, maana mwanga wa kutabiri umechosha. Mwanga unatokea, mzee anasema maana yake, kinatokea kilekile alichosema mzee. Sasa stori ya nini?

Cha kweli ni kwamba watu chini ya mwanga mmoja wanasoma vitu tofauti. Nyota yenye mkia ya Halley ilionekana mwaka 1066, mwaka ambao Wanormani wa kaskazini mwa Ufaransa waliivamia Uingereza, na ikatariziwa kwenye kitambaa cha Bayeux kinachosimulia uvamizi huo, watu wanainyooshea vidole. Nyota ileile, kwa aliyeshindwa ilikuwa mkosi na kwa aliyeshinda ilikuwa baraka. Ikarudi 1910, safari hii watu walishajua inarudi kila baada ya miaka 75 au 76, wanajua njia yake, na bado wengine waliogopa gesi ya sumu iliyogunduliwa kwenye mkia wake na wajanja wakawauzia vidonge vya kujikinga nayo. Elimu haikuondoa hofu, iliibadilisha nguo tu.

Kama unataka dalili basi iwe ya kazi, kama Kilimia, lile kundi dogo la nyota. Wazee walisema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, hata jina lake limetoka kwenye kulima. Hiyo haimwambii mtu atakufa lini, inamwambia ashike jembe. Dalili ya namna hiyo ikikosea mwaka mmoja, ikazuka bila mvua, watu wazima watalia.

Anayeuona ni mtu mmoja tu, wengine hawamuamini. Inawezekana?

Inawezekana sana na usione aibu kuitumia. Juu kabisa ya mawingu ya radi, kilomita 50 hadi 90, kuna miale mikubwa myekundu inayowaka kufumba na kufumbua, na marubani walikuwa wanaiona miaka mingi ila wengi walinyamaza au hawakuaminika. Mwaka 1989 ndo ikanaswa kwenye video kwa bahati tu, watu walikuwa wanajaribu kamera. Kitu kipo muda wote, kinachokosekana ni picha. Kaa na yule rubani kabla ya 1989, ameshaona, anatua, anaulizwa safari ilikuwaje. Anasema nzuri.

Utokee mara ngapi?

Kama hauna sababu ya kutokea kila siku, usitokee kila siku. Isipokuwa ukiwa wa kila siku kweli, basi watu wauzoee na kuutumia, kama radi za Catatumbo kule ziwa Maracaibo, Venezuela, ambazo zinapiga usiku mwingi sana wa mwaka mpaka mabaharia wakazifanya mnara wao wa taa.

Wabaya watautumiaje?

Wakae chini waisome sheria yako vizuri kuliko watu wazuri, ndo kazi yao. Kwa Ushanga muuaji hawezi kuficha mwili porini, punje inamtangaza, kwa hiyo wauaji wa dunia ile wanazika, tena wanazika vizuri kwa udongo mwingi. Kaburi zuri lisilo na jina ndo linatisha watu kule. Mkuu wa jeshi anayetaka adui asijue amepoteza askari wangapi anazika wafu wake kabla ya magharibi, wengine kabla hawajamaliza kukata roho. Na kuna mmoja alifanya kinyume, aliacha miili ya adui juu ya kilima makusudi, punje zikawaka juu ya mji wao miezi minane, wakina mama wanaziona kila usiku hawawezi kupanda kwenda kuzika, mpaka mji ukafungua lango. Hiyo sura niliiandika kwa siku moja na sikuweza kuisoma tena kwa wiki mbili.

Nikimuona mwingine ana mwanga kama wangu nibadilishe?

Usibadilishe. Mabaharia wa kila mahali waliona moto wa bluu ukikaa kwenye ncha za milingoti wakati wa dhoruba bila kuunguza kitu, ule unaoitwa wa Mtakatifu Elmo, na kila watu waliuelewa kivyao. Moto ni mmoja. Kama watu wako chini ni wako kweli, hakuna atakayedhani umechukua.

Mwishoni lazima mwanga uzimike?

Sio lazima, na mara nyingi kuuzima ni njia ya mkato. Yule bibi wa kamba kwenye rasimu ya kwanza nilimpa mwili wa mwanawe, ukaletwa na maji mpaka miguuni kwake, akazika, punje ikazima, watu wakalia. Nikakaa nayo nikaona hapana, bahari haifanyi hivyo. Kwenye rasimu ninayoishika sasa punje inashuka usiku baada ya usiku, nusu ngumi, kidole kidogo kimoja, hadi usiku mmoja haipo juu ya maji. Hajui kama imezama nyuma ya upeo au kuna mtu wa ufukwe mwingine amemuokota na kumzika. Kwa sheria zangu zote mbili zinawezekana na mimi mwenyewe sijaamua. Anakaa mpaka karibu na alfajiri, anaipapasa kamba kuanzia fundo la kwanza, alafu anampa mjukuu ashike upande mmoja, waipime urefu.

Je nimalize sheria zote ndo nianze kuandika?

Anza leo. Sheria ya aliyezama baharini niliijua nikiwa sura ya 6, mtoto kwenye stori alipouliza "na wa majini je?" na hakuna mtu mzima aliyekuwa na jibu.